Cheti cha kasti India na hii asilimia 21 yetu

Juzi kwenye grupu letu la watu wa skuli, mtu karusha klipu ya vijana wa Kihindi wamekaa barabarani wanaandamana kwa ajili ya mgao wa ajira kwa kasti, yani tabaka la kuzaliwa. Hapo chini vicheko tu, "yani hawa mpaka leo wanapeana kazi kwa kabila", mwengine "afu ndo wanajiita taifa kubwa". Nikaanza kujibu nikaona jibu litakuwa refu kuliko grupu linavobeba, bora nije kulimwaga huku kwangu, mana na sisi Wazanzibari tuna mgao wetu, ile asilimia 21 ya ajira za Muungano.

Mimi nimesoma Pune, jimbo la Maharashtra, India, na sisi Wazenji tuliopita kule ni wengi tu. Sikusomea sheria wala siasa, nimesomea kompyuta, lakini nimekaa chumba kimoja na mtoto wa kijijini, Mmarathi, yani mzaliwa wa jimbo lile, mwaka wake wa mwisho wote ulikuwa ni wa kutafuta karatasi. Mitihani alikuwa haiogopi. Alikuwa anaogopa karani.

Kwanza hesabu yenyewe, mana watu wanaisema kwa kukisia. Kazi za serikali kuu ya India zinazotangazwa kwa ushindani wa nchi nzima, asilimia 15 ni za SC, 7.5 za ST, 27 za OBC, na tangu 2019 ikaongezwa 10 ya EWS. Zilobaki, 40.5, ni za wazi, anagombania yeyote, hata huyo wa SC akipata maksi za juu anaingia huko huko kwa nguvu zake na fungu la wenzake haliguswi. SC ni wale ambao zamani walikuwa hawaguswi, akishika maji yako umenajisika. ST ni makabila ya misituni na milimani. OBC ni tabaka za wakulima wadogo, wafugaji, mafundi, watu ambao hawakuwa wa kutoguswa lakini pia mlangoni walikuwa hawakaribishwi. EWS ni masikini wa tabaka ambazo hazimo kwenye mafungu hayo matatu.

Haya hayakuanza kwa huruma ya mtu. Ambedkar, aliyeongoza kamati ya kuandika katiba yao, kazaliwa kwenye hao hao wasioguswa, na skuli alikuwa haruhusiwi kushika chombo cha maji, mpaka tarishi aje ammiminie kutoka juu, tarishi asipokuja anashinda na kiu. Sa mtu kama huyo akikaa kuandika katiba unategemea aandike nini? Katiba ilianza kazi 1950 na kifungu cha 16(4) kikatoa ruhusa ya kutenga nafasi serikalini. OBC walichelewa. Kamisheni ya Mandal ilitoa ripoti 1980 ikalala kabatini miaka kumi, Waziri Mkuu V.P. Singh akaitoa 1990 na nchi ikachafuka, wapo wanafunzi walojitia moto. 1992 majaji tisa wa Mahakama ya Juu wakakaa wakasema sawa ipite, ila jumla ya mgao isizidi 50 kwa mia, na yule wa OBC ambaye kwao washaneemeka atolewe kwenye fungu. Afu hiyo EWS ya 2019 ikaruka juu ya ile 50, kesi ikenda mpaka 2022, majaji watano, watatu wakasema ipite wawili wakasema isipite, ikapita.

Hayo ya sheria mtu anaweza kuyasoma popote. Mimi nilokuwa nikiyaona ni ya chumbani.

Kijijini kwao huyu bwana hakuna asiyejua yeye ni nani. Jina la ukoo linasema, mtaa anaokaa unasema, msibani anakaa wapi panasema. Wao ni wakulima wa mboga na maua toka enzi na enzi, wamo kwenye OBC. Lakini akifika afisi ya tehsili, pale kwao ndo kama afisi ya wilaya yetu, anaambiwa thibitisha. Na kuthibitisha Maharashtra si mchezo, unatakiwa uonyeshe kwamba ukoo wako ulikuwepo kwenye jimbo lile kabla ya tarehe fulani, kwa SC ni 10 Agosti 1950, kwa OBC ni 13 Oktoba 1967. Hapo yeye hajazaliwa, baba yake mtoto. Kwaiyo inabidi umtafute babu. Na babu utampata wapi? Kwenye daftari la skuli, mana kule cheti cha kuacha skuli kinaandikwa na kasti yako kabisa, na kwenye madaftari ya ardhi. Sa yale ya zamani sana yameandikwa kwa hati ya Modi, hati ya kale ya Kimarathi ambayo leo watu wa kuisoma ni wa kutafuta kwa tochi. Nakumbuka kanionyesha picha kwenye simu, ukurasa wa njano pembeni umeliwa na mchwa, mstari mmoja umepigiwa duara kwa kalamu ya risasi, ndo babu yake huyo. Anaupapasa mstari kwa kidole juu ya kioo cha simu na yeye mwenyewe hawezi kuusoma, kasomewa.

Ukishapata cheti cha kasti hujamaliza. Maharashtra wana kamati za kuhakiki, unapeleka tena kila kitu, unapewa cheti cha pili cha kusema kwamba kile cha kwanza ni cha kweli. Mambo haya yametokana na hukumu ya 1994, mahakama ilichoka na watu waliojitengenezea kasti na kabila za uongo wakaingia vyuoni na kazini. Na 2017 ikasisitizwa kabisa, ukigundulika uliingia kwa cheti cha uongo kazi inakutoka hata uwe umeshaifanya miaka, usilete hoja ya kwamba umeshazoea kiti. Mambo ya kughushi yapo mpaka leo, 2024 kulikuwa na mkubwa mmoja aliyekuwa bado mafunzoni, utumishi wa ngazi ya juu kabisa, vyeti vyake vya OBC na vya ulemavu vikazua maswali nchi nzima na tume ya utumishi ikamfuta.

Haya, cha tatu. Wa OBC lazima uwe na cheti cha kwamba nyinyi si wale walioneemeka. Kipimo ni rupia laki 8 kwa mwaka tangu 2017, lakini kwenye kuhesabu mshahara wa wazazi hautiwi na mapato ya shamba hayatiwi, kuna vigezo vyengine vya cheo cha baba au mama serikalini. EWS nao wana laki 8 hizo hizo lakini kwao kila kitu kinahesabiwa, mshahara, shamba, biashara, na ukiwa na ardhi ya kilimo ekari 5 na kuendelea umetoka. Laki nane moja, hesabu mbili. Wenyewe kwa wenyewe wanatupiana maneno kwa hilo, kila mmoja anaona mwenzake kapendelewa.

Na rafiki yangu kilichomkwaza hakikuwa hata kimoja katika hivyo. Ilikuwa fomati. Cheti cha OBC cha kuombea kazi za jimbo kina maneno yake, na cha kuombea kazi za serikali kuu kina maneno yake, orodha ya kasti ya jimbo na ya serikali kuu ni mbili tofauti, na yeye alikuwa nacho cha jimbo. Kafanya mtihani wa taasisi moja ya serikali kuu, kapita, maksi zake ziko juu ya mstari wa OBC na chini ya mstari wa wazi. Siku ya kuhakiki vyeti karani kaangalia karatasi, hakuangalia hata jina nadhani, kaangalia kichwa cha karatasi, akamwambia hii siyo. Ipo nyengine? Hana. Akatakiwa asaini pahala kwamba anahesabiwa mtu wa wazi, na mtu wa wazi kwa maksi zile hana kazi. Karudi chumbani saa tatu usiku anacheka, kile kicheko cha mtu ambaye akiacha kucheka patakuwa hapakaliki. Miaka yote mtaani anaambiwa wewe ni wa chini, anasema, siku nnayohitaji niitwe wa chini wanakataa.

Mama yake alipiga simu akauliza kama waongeze karatasi nyengine. Yule mama alikuwa na mfuko wa nailoni umejaa fotokopi, kila kitu kopi tano tano.

Alikuwa na dada kaolewa, nae anatafuta kazi, na watu wa kwa mume wanamwambia atumie karatasi za mume. Haifai. Kasti kule ni ya kuzaliwa, mwanamke anabaki na ya baba yake, na hata hicho kipimo cha kuneemeka anapimwa kwa wazazi wake, mume awe tajiri awe fukara hahusiki. Kwaiyo huyu dada kila akitaka cheti anarudi kijijini kwao, na watoto mgongoni.

Na ukihama jimbo ndo basi tena. Mtu wa SC kutoka Bihar akihamia Maharashtra, kwa kazi za serikali kuu cheti chake kinafanya kazi, lakini kwa kazi za jimbo la Maharashtra hana mgao, mahakama ilishasema toka miaka ya 1990 kwamba unyonge wako unahesabika kwa pahala ulipoandikwa. Mimi hili sikubaliani nalo mpaka leo. Mtu aliyekuwa hapewi maji kwao akivuka mpaka haendi kuwa mwengine, na akitafuta chumba cha kukodi huko alikohamia swali la kwanza analoulizwa ni jina la ukoo.

Sasa ile klipu ya kwenye grupu, inavoonekana ni ya Wamaratha. Hawa ni kasti kubwa Maharashtra, si kila Mmarathi ni Mmaratha, wana ardhi na wametoa mawaziri wakuu wa jimbo, lakini wengi wao ni wakulima waliochoka. Walipewa mgao wao peke yao, mahakama ikaufuta 2021 kwa kuwa umeruka ile 50. Kuanzia 2023 wakaja na njia nyengine, kiongozi wao Manoj Jarange kagoma kula, anasema Mmaratha na Mkunbi ni watu wale wale, na Wakunbi wamo kwenye OBC, kwaiyo tupeni vyeti vya Kunbi. Serikali ikaunda kamati ikaingia kwenye madaftari ya zamani, mpaka ya enzi za Nizamu, mtawala wa zamani wa Hyderabad, kutafuta nani babu yake aliandikwa Kunbi. Na OBC wa siku zote, akina rafiki yangu, wamekasirika, mana chungu ni kile kile na walaji wameongezeka.

Hapo ndo nataka watu wa grupu wanisikilize. Sisi haya tunayajua sana, tunajisahaulisha tu. Zanzibar ya Mwingereza mgao wa chakula wa wakati wa Vita Kuu ya Pili ulipangwa kwa kabila, aliyeandikwa Mwarabu au Mhindi fungu lake la mchele halikuwa sawa na la aliyeandikwa Mwafrika. Nenda kaangalie sensa za 1924, 1931 na 1948 uone majina ya makabila yanavohama, Waswahili wanapungua, Washirazi wanaongezeka, watu ni wale wale wako pale pale Wete na Makunduchi. Kila karatasi ilipokuwa na faida watu walijiandika upande wa faida, na ilipokuja kuwa na hatari wakajifuta. Mlimuuliza bibi yenu aliandikwa nani? Muulizeni kama bado yuko.

Na leo, wale wale wanaocheka "kazi kwa kabila" ndo hao hao ambao ikitoka orodha ya walioitwa kazini kwenye taasisi ya Muungano wanakuja juu, asilimia 21 yetu iko wapi! Mgao huo. Una jina gani jengine? Utaratibu ni 79 kwa Bara na 21 kwa Zanzibar kwenye ajira za taasisi za Muungano, mawaziri wameusema bungeni mara nyingi. Sensa ya 2022 ilitoa watu 61,741,120 nchi nzima, sisi huku 1,889,773, kama asilimia 3 hivi. Mtu wa Mbeya akiamua kuwa mkali anaweza kuuliza hawa watatu kwa mia wanachukuaje ishirini na moja, na Dar nimeshaulizwa swali hilo, na jibu langu lilikuwa kwamba Muungano wa 1964 ulikuwa wa nchi mbili haukuwa wa kuhesabu vichwa. Nalisimamia jibu hilo. Lakini sikilizeni linavofanana na la yule wa SC: usinihesabu kwa leo tu, angalia tulikotoka. Huwezi kulipigania kwako ukalicheka kwa jirani.

Na karatasi tunazo pia. Sisi kitambulisho cha Mzanzibari Mkaazi, kilichoanza kwa sheria ya 2005, na nyuma ya kitambulisho kuna barua ya sheha, kiongozi wa serikali wa mtaani. Tangazo linasema "awe Mzanzibari" na wewe hapo hapo unajua safari inaanzia wapi. Sheha akikujua mambo mepesi. Asipokujua, au akikujua vyengine, utarudi kesho. Vijana waliokulia Tanga na Mombasa wakarudi Pemba kwao hili wanalijua vizuri, kaburi la babu lipo Konde, shamba la mikarafuu lipo, ami zake wamejaa mtaa mzima, lakini yeye barua hana. Kila uchaguzi ukikaribia malalamiko ya vitambulisho yanapanda, siendi huko leo.

Tofauti ninayoiona mimi baina yetu na India, na hapa nawasifu Wahindi ingawa najua watanisema, ni kwamba wao mgao umeandikwa namba kwa namba. Kuna kitu wanakiita rosta. Kwa ajira za ushindani wa nchi nzima ni jedwali la nafasi 200, na kila nafasi inajulikana ni ya nani kabla mtu yeyote hajaomba. Tangazo la kazi linatoka na vyumba, za wazi ngapi, SC ngapi, ST ngapi, OBC ngapi, EWS ngapi. Fungu la SC lisipojazwa mwaka huu linabebwa mwaka wa mbele kama deni, halimwagwi kwa wengine kimya kimya. Na kuna tume ya taifa ya SC iliyotajwa kwenye katiba, mtu anapeleka malalamiko na namba mkononi. Si kwamba wanafuata kila kitu, nafasi kibao zinakaa miaka hazijajazwa, na huyo anayepata anaitwa "wa mgao" mpaka anastaafu, rafiki yangu lile neno lilikuwa linamuuma kuliko yale ya kijijini. Lakini ukidhulumiwa unajua umedhulumiwa kiti namba ngapi.

Kwetu? Matangazo ya taasisi za Muungano yanayopita kwenye simu yangu yana jina la kada, idadi ya nafasi, sifa, ngazi ya mshahara, mwisho wa kutuma. Ile 21 siioni ndani yake. Naisikia mwisho wa mwaka ikisemwa kwa jumla na kwa wastani, na wastani haumwambii mtoto wa Micheweni kama nafasi ile aloiomba ilikuwa na fungu lake au hapana. Kwaiyo kila asiyepata anaamini kadhulumiwa, na kila aliyepata anashukiwa kabebwa, na wote hawana karatasi ya kuonyesha. Hata ile ya watu wenye ulemavu, sheria ya Tanzania Bara ya 2010 inamtaka mwajiri mwenye wafanyakazi 20 na zaidi asilimia 3 wawe wao. Lini umeiona imeandikwa kwenye tangazo?

Ami yangu mmoja nilipomweleza haya barazani kaniambia, "Baba, wewe unataka na sisi tuandikane makabila, tushatoka huko." Nikamwambia hapana ami, kabila hakuna anayelitaka, nnachotaka ni tangazo liseme nafasi kumi, mbili za Zanzibar, basi. Kanyamaza kidogo akasema "na hizo mbili zitakwenda Unguja zote." Sasa hapo sikuwa na la kumjibu, mana Wapemba kila mgao tukiupata tunaugawa tena vichwani mwetu na tunaona haukutufika. Ndo kama India vile vile, 2024 mahakama yao imeruhusu majimbo kuligawa fungu la SC lenyewe ndani kwa ndani, kwa sababu tabaka mbili tatu zilikuwa zinakomba na zilizobaki zinatazama.

Huyo ami ana binti kamaliza diploma ya uuguzi, hodari kweli kweli. Kaomba kazi mahala, kaambiwa cheti cha kuzaliwa kinasema Mwanaasha na cha kidato cha nne kinasema Asha, na kitambulisho kimefuata cha skuli. Kenda kula kiapo kwa wakili kwamba Mwanaasha na Asha ni mtu mmoja, kalipa, kapigiwa muhuri, karudi, kaambiwa muda wa kupokea umekwisha jana yake. Sasa kuna tangazo jengine limetoka na safari hii karatasi zake zote ziko sawa, kanitumia skrinshoti ya fomu nimkagulie kabla hajaituma. Nimekagua kila chumba. Pa kuandika jinsia papo, mkoa upo, dini haipo alhamdulillahi, na nafasi ni sita. Kaniuliza kaka, za Zanzibar ni ngapi hapa, nikamwambia haijaandikwa, wewe tuma.